Makaroni ya Mama Mkwe

Jumatatu, 3 Novemba

Nimevuka kwenda kuuza Bukavu saa kumi na mbili na nusu. Foleni darajani, mvua nyepesi, askari mpya anayesoma kila kijikaratasi kana kwamba ni barua ya mpenzi wake. Karoti zimeisha kabla ya adhuhuri. Vitunguu vimebaki. Nimerudi nyumbani Kamembe saa tisa, miguu imevimba. Nimewasha mbabula, jiko letu la makaa, kabla ya kuvua viatu. Kama kawaida.

Ndizi na nyama. Rajabu amekula. Binti yetu Salima amekula akaongeza. Mama mkwe amechukua ndizi mbili, nyama ameiacha yote, sahani akaisukuma.

Siku ya tisa leo tangu Rajabu amlete mama yake kutoka Nzahaha. Aliteleza uani baada ya mvua, akaumia nyonga, akapiga kidevu kwenye jiwe la kufulia. Daktari alisema mfupa ni mzima, akae kwa mtoto wake mkubwa mpaka atembee vizuri. Mtoto mkubwa ni mume wangu. Mpishi ni mimi. Siku tisa, hajamaliza sahani yangu hata moja. Kila siku neno ni lile lile, ameziba mdomo kwa pindo la mtandio:

"Batoto bakule. Miye sina njala."

Njaa anayo. Nimemwona mikono leo alipokuwa akitawadha. Imebaki mifupa.

Najua kwa nini hali. Sitaki kuandika leo.

Jumanne, 4 Novemba

Basi niandike. Daftari hili halisomwi na mtu. Rajabu anadhani ni la mapishi.

Kwetu Bukavu naitwa Noela. Hapa ni Nuru. Nilisilimu miaka kumi na mmoja iliyopita, wiki mbili kabla ya ndoa. Ninaswali. Ninafunga. Nyama ya nguruwe sijala tangu siku ile, na nilikuwa naipenda, Mungu anisamehe. Lakini kuna watu wakikutazama bado wanamwona Noela. Mama mkwe hajawahi kunitamkia neno baya. Hiyo ndiyo shida. Mtu asiyesema kitu unamsikia mchana kutwa.

Leo mihogo ya kuchemsha na sambaza, dagaa wa ziwani, wa kukaanga. Hakugusa. Kisha jirani, Mama Fatuma, akaja na uji wa ulezi na sombe laini ya majani ya mhogo aliyoiponda mwenyewe. Mama Fatuma kazaliwa Mwislamu, baba yake alikuwa mwadhini. Mama mkwe amegeukia ukuta, amekula bakuli zote mbili. Amekwangua na kijiko.

Nimeosha bakuli za Mama Fatuma, nimemrudishia na shukrani nyingi. Nacheka usoni, rohoni nawaka.

Jumatano, 5 Novemba

Sikulala vizuri. Alfajiri anasoma uradi wake kwa sauti ya chini chini. Zamani alikuwa akisoma wazi, kila herufi inasimama. Sasa maneno yanateleza, sielewi kitu. Nikasimama nyuma ya pazia kusikiliza kama jina langu limo. Aibu. Mwanamke wa miaka thelathini na minne, nyuma ya pazia.

Halimo, nadhani.

Alhamisi, 6 Novemba

Nimeamua: makaroni.

Chakula hiki sikufundishwa na mtu. Kilizaliwa kwa uchovu. Unarudi kutoka ng'ambo, mbabula ni moja, makaa ni kidogo, watu wana njaa. Unakaanga kitunguu na kitunguu saumu, unatia nyama ya kusaga, ikibadilika rangi unatia tomati ya kopo, karoti, pilipili mboga. Kisha makaroni mabichi humo humo, maji, chumvi, kifuniko. Hakuna sufuria ya pili. Makaroni yanakunywa mchuzi wote, chini panabaki ukoko kidogo ambao Salima na baba yake wanaugombania. Hakuna mtu aliyewahi kukataa makaroni yangu. Nikasema, huyu naye ataona.

Bucha hakuna umeme. Mashine ya kusagia imelala. Nimenunua nyama ya shingo, nimeikatakata nyumbani kwa visu viwili hadi vidole vikaota malengelenge. Haikuwa laini kama ya mashine, lakini ilinukia vizuri. Juu nimekwaruzia jibini ya Masisi niliyovuka nayo. Mtaa mzima umenusa.

Nimempelekea ya kwake kwenye sahani nzuri, ile ya maua. Ametia kijiko kimoja mdomoni. Amekaa nacho. Amekaa nacho sana. Kisha amevuta mtandio, ametema kwenye kitambaa. Alidhani sijaona.

Ametema chakula changu.

Sina la kuandika zaidi.

Ijumaa, 7 Novemba

Ninalo.

Ni sufuria. Nimefikiri tangu jana, na sasa ninajua kabisa. Ninapikia sufuria ya marehemu mama yangu. Pana, nzito, ya kusubu, mkono wake mmoja wa chuma uliopinda. Chini ya mkono kuna msalaba mdogo, mama aliuchora kwa msumari. Kwetu kila mwanamke anaitia sufuria yake alama, kwa sababu siku za kilio na za harusi zinaazimwa mtaa mzima, zinachanganyika jikoni, na isiyo na alama hairudi. Mama alikufa miaka sita iliyopita. Katika vitu vyake vyote nilichukua hii tu. Wadogo zangu walichukua vitanda na kabati.

Kila Krismasi mama alipika nguruwe ndani yake. Bukavu yote inajua. Mama mkwe anajua. Na zamani alikuwa anakuja hapa kwa Idi tu, siku ambayo tunapikia sufuria za kuazima. Kwa hiyo hii ni mara yake ya kwanza kuletewa chakula kutoka humo. Anauona ule msalaba kila ninapoinua kifuniko.

Rajabu aliporudi kutoka msikitini nikamwambia. Akasema uliiosha, imekwisha, mama hana neno. Rajabu ni fundi cherehani. Kwake kila kitu kinashonwa kikaisha.

Nimeiosha upya. Mara saba, ya kwanza kwa udongo, kama mwalimu wetu wa akina mama alivyotufundisha. Nimeiosha uani, mbele ya kiti chake, aone. Hakutazama. Alikuwa amefumba macho, mkono uko kidevuni.

Jumamosi, 8 Novemba

Mama Fatuma amekuja kuazima chumvi, chumvi ambayo anayo. Ameona sufuria juani. Amesema polepole, kama anayenionea huruma:

"Bazee bengine, sufuria ikishapikiwa ile nyama, hata uoshe namna gani, roho yao inakataa tu."

Ameondoka na chumvi yangu.

Mchana mama mkwe amekunywa chai na mkate aliouchovya mpaka ukawa uji. Jioni parachichi nusu. Mtu hawezi kuishi hivi. Akinifia hapa watasema nini dada zake Rajabu? Nimeona kwamba hilo ndilo nililoliwaza kwanza, kabla ya yeye mwenyewe. Nimejichukia kidogo. Kisha nimemchukia yeye zaidi.

Jumapili, 9 Novemba

Nimefanya.

Nyuma ya soko kuna Fundi Sadiki, anasubu sufuria. Anakusanya aluminiamu ya kila aina, injini za pikipiki, vyungu vilivyotoboka, anayeyusha, anamimina kwenye mchanga. Nimemwuliza kama anaweza kuyeyusha sufuria moja na kuirudisha ikiwa sufuria ile ile moja, bila kuchanganya na chuma cha watu. Amecheka. Amesema watu wanaleta mbovu, hii ni nzima, nina wazimu gani. Nikamweleza. Akaacha kucheka. Yeye ni mtu wa dini, ana ndevu nyekundu za hina.

"Moto unasafisha yote, Maman. Ikishapita humu, haina tena dini wala kabila."

Ameivunja kwa nyundo kwanza. Sikujua kwamba huvunjwa kwanza. Kipande chenye msalaba kimeingia cha mwisho. Kimelala juu kidogo, kisha kimelegea, kisha hakuna. Ni kama siagi. Mkono wa chuma hauyeyuki, ameutoa kando. Nimemwambia aubane kwa ribiti kwenye sufuria mpya. Huo tu.

Nimerudi nyumbani nikitembea haraka kama mtu aliyeiba. Sikulia. Nilikuwa na haraka.

Jumatatu, 10 Novemba

Sikuvuka. Nimesema kichwa kinauma. Hakiumi.

Nimefagia uani mara mbili. Nimepanga vikombe, nimevipangua. Nimeazima sufuria kwa Mama Fatuma, ameitoa kwa tabasamu ambalo ningelimrudishia pamoja na sufuria. Salima anauliza ile sufuria ya bibi wa Bukavu iko wapi. Nimemwambia iko kwa fundi. Si uongo.

Kesho.

Jumanne, 11 Novemba

Imetoka nyeupe, inang'aa, bado ina mchanga pembeni. Nyepesi kuliko ya zamani, au ni mkono wangu. Mkono wa chuma uko pale pale, umepinda vile vile. Chini yake hakuna kitu.

Umeme upo. Bucha wamesaga nyama, na nimechagua bucha ya Mwislamu tena nikahakikisha mama mkwe amesikia nilikoinunua. Nimetaja jina la mchinjaji kama mtangazaji wa redio. Nimepika kwa utaratibu wote. Makaroni nimeyatoa yakiwa bado magumu kidogo ndani, kama anavyopenda Rajabu. Jibini imevutika vizuri. Nimetandika mkeka, nimepakua kwenye sinia moja, watu wote tukae tule pamoja kama familia. Nikasema leo hana pa kujificha.

Nimeandika mwenyewe maneno hayo. Hana pa kujificha.

Tumekaa duara. Yeye ananitazama mimi, mimi namtazama yeye. Amechukua kidogo kwa vidole, ameziba mdomo. Shavu linaenda huku, linaenda huku. Macho yamejaa maji. Kisha tena ule mtandio, tena kile kitambaa.

Damu imenipanda mpaka masikioni. Nimesimama. Nimesema mbele ya Rajabu na Salima:

"Maman, kama mungali munaniona kaferi, museme. Museme mbele ya mutoto wenu. Lakini musiteme chakula yangu mbele ya binti yangu."

Nilitaka kumwambia na habari ya sufuria. Salima ameanza kulia. Rajabu anatazama sinia. Mama mkwe amenitazama muda mrefu, pindo mdomoni, hakujibu. Jibu lilikuwa hilo, nikaona.

Amenyanyuka mwenyewe na fimbo yake. Makaroni yamepoa. Hakuna aliyegombania ukoko.

Jumatano, 12 Novemba

Amemwambia Rajabu maneno matatu: "Munirudishe kwangu Nzahaha."

Jumamosi, basi. Rajabu ataazima gari la rafiki yake. Ananiongelesha kwa adabu, kama mteja. Ningependa agombe. Kule Nzahaha mama mkwe anaishi na binti yake wa mwisho, ambaye hutoka shambani jioni. Nani atamshika akienda chooni? Nani atamchemshia maji?

Jumamosi jioni Kamembe yote itakuwa imepata habari. Noela amemfukuza mama wa watu. Si Nuru. Watasema Noela. Miaka kumi na mmoja nimejenga jina, nimelibomoa kwa sentensi tatu, kwenye mkeka wangu mwenyewe.

Na bado nina hasira. Niandike ukweli. Ningeambiwa nirudie, ningesema tena, ila polepole zaidi.

Alhamisi, 13 Novemba

Nimefua nguo zake zote zikauke kabla ya safari. Sitaki afike kwa binti yake na nguo chafu.

Kwenye kitenge cha kijani, pindoni, kuna fundo. Gumu. Nilidhani ni dawa ya kienyeji. Nikafikiri hata hirizi, nikafikiri ni juu yangu. Nimelifungua kwa meno.

Ni meno.

Meno ya kuweka. Manne ya mbele na mawili ya pembeni, kwenye kibao cha rangi ya ufizi, kimepasuka katikati, vipande viwili. Ukingoni pana damu kavu, nyeusi.

Nimekaa chini kwenye maji ya kufulia. Kitenge changu kimelowa chote.

Jiwe la kufulia. Kidevu. Mkate uliochovywa chaini. Uji wa Mama Fatuma. Sombe iliyopondwa. Parachichi. Uradi unaoteleza. Pindo la mtandio asubuhi, mchana, jioni. Na mimi nampa mihogo na sambaza wa kukaanga. Nyama ya shingo ya visu viwili. Makaroni magumu. Halafu namkalisha duara, tumtazame mdomo.

Rajabu hajui kwamba mama yake alikuwa na meno ya kuweka. Nina hakika. Yule mama hata kandambili zake anazificha zisionekane zimekatika.

Nimelifunga fundo vile vile. Nimefua kitenge kwa kuzunguka fundo. Nimekianika.

Alikuwa dirishani. Sijui ameona nini.

Ninalo moja tu la kufanya kabla ya Jumamosi. Kumwomba radhi kwa maneno ni kumwambia kwamba nimeona. Hilo hapana. Nitapika.

Ijumaa, 14 Novemba

Nimeamka kabla ya adhana. Sikuvuka.

Bucha: nyama laini ya paja, bila mshipa hata mmoja. Nimewaambia waisage. Nikawaambia waisage tena. Yule kijana wa mashine akasema Maman, itakuwa dawa ya meno hii. Kama angejua. Nikamwambia saga.

Makaroni nimeyavunja vipande vidogo vidogo kwenye gunia, kwa mpini wa kisu. Karoti nimezikwaruza. Pilipili mboga nimeiacha kabisa, ganda lake linabaki. Kitunguu nimekichemsha kwanza mpaka kikapotea. Nyama nimeiponda ndani ya mafuta kwa mwiko, isifanye madonge. Tomati. Maji mengi, mara mbili ya siku zote. Kifuniko. Makaa machache tu, polepole. Nimekaa juu ya kigoda nikiitazama kama mgonjwa. Nimeongeza maji. Nimeongeza tena. Makaroni yamevimba, yamelegea, yameachana na umbo lake. Rajabu angesema nimeyaua. Jibini nimeitia ndani ikayeyuka.

Rajabu yuko msikitini. Salima nimempeleka kwa Mama Fatuma, akaombe chumvi yetu. Mvua imeanza.

Nimetia kwenye bakuli, si sahani. Mbili, yake na yangu. Nimeingia chumbani kwake. Sikukaa mbele yake. Nimekaa kando yake kitandani, bega kwa bega, sote tunatazama mlangoni, mvua inavyopiga uani. Nimeanza kula yangu. Sikugeuza shingo. Nimetazama mlango mpaka macho yakauma.

Kisha kijiko. Kisha kijiko tena. Nimehesabu mpaka saba, nikaacha.

Mvua ikazidi. Bakuli lake likagonga langu. Tupu. Nimemwongezea bila kumtazama. Amekula na hilo.

Alipomaliza amesema, na nimesikia jinsi maneno yanavyotoka bila meno, mepesi, kama ya mtoto:

"Leo umetia maji."

Nikasema ndiyo, Maman.

"Siku ingine utie na chumvi."

Nimetoka na bakuli mbili. Nimefika jikoni, nimeegemea ukuta. Hapo ndipo nimelia, kwa sauti, mvua ikanifunika.

Jumamosi, 15 Novemba

Gari lilikuja saa tatu. Rajabu amebeba begi lake mpaka mlangoni. Mama mkwe ameketi kwenye kiti chake uani, hakusimama. Amesema nyonga bado inauma, njia ya Nzahaha ni mbaya, gari lirudi. Rajabu amenitazama. Nimetazama kuku wa jirani. Begi limerudi ndani.

Mchana nilikuwa nasugua sufuria. Ameniita niilete. Ameishika mkono ule wa chuma, ameupapasa na kidole gumba.

"Huu mukono naujua. Sufuria yake iko wapi?"

Nimemwambia. Sikuweza kudanganya, nilikuwa nimechoka. Nikamwambia yote, nguruwe wa Krismasi, kuosha mara saba, Fundi Sadiki, nyundo. Amesikiliza pindo mdomoni. Kisha ameliacha pindo lidondoke. Mara ya kwanza tangu aje nimemwona mdomo. Umeingia ndani, una kovu jipya chini.

"Miye nilishaiosha, binti yangu. Siku ya kilio ya mama yako."

Sikumwelewa. Akanieleza polepole. Siku tuliyomzika mama alivuka daraja na wanawake wa hapa. Mimi nilikuwa nimelala chumbani, sijui ni nani aliyekuja. Wao wakaingia jikoni kuosha vyombo, kama inavyofanywa. Alipoiona hii, pana, yenye msalaba, akauliza ni ya nani. Wakamwambia ni ya marehemu, na binti yake ataichukua. Akaenda nyuma ya nyumba akachimba udongo. Mara saba, peke yake, wenzake wakimngoja.

"Nilijua utakuja nayo kwetu. Nikasema ifike safi, asiisumbukie tena."

Miaka sita imekuwa safi. Miaka sita nilipikia humo, na mikono yake ilikuwa imeshapita kabla ya yangu.

Nimeivunjisha mwenyewe. Nilisimama pale nikatazama.

Mama mkwe ameipindua sufuria mpya, ametazama chini ya mkono, mahali palipo wazi, amenirudishia.

Jumapili, 16 Novemba

Siku ya utulivu. Jua kidogo. Rajabu amelala mchana, magazeti usoni.

Nimepika ile ya maji. Salima amelalamika kwamba ni uji. Bibi yake amemwambia uji uko mzuri, ale. Wao wawili wamegombania ukoko. Nimeulainisha kwa maziwa kidogo. Bibi ameshinda.

Baada ya alasiri ameniita uani. Ana msumari mkononi, sijui ameutoa wapi, pengine kwenye kiti. Amesema sufuria isiyo na alama itapotea kwa bantu, hao watu wa kuazima. Nimemwuliza niandike nini. Amenitazama kama ninayeuliza jua linatokea wapi.

"Ile ya mama yako."

Nikamwambia Maman, ni msalaba. Akasema alama ni alama, nisimchoshe.

Nimechora. Mdogo, chini ya mkono, palepale pa zamani. Ya kwanza imepinda, nimeipitia mara ya pili. Yeye ameshika sufuria isicheze.

Kisha ameingiza mkono kwenye pindo la kitenge cha kijani, amelifungua fundo mwenyewe, amenipa bila kunitazama. Ametaja mtaa, kule Bukavu, sokoni, mtu anayetengeneza meno. Amesema Rajabu asijue.

Kesho navuka. Karoti nimeshazipanga. Kifurushi nimekifunga kwenye pindo langu.